Jani la Bwana Kimya

Mamba, Marangu
14 Machi 1982

Bwana Armand,

Pokea salamu zetu kutoka Mamba. Mimi ni Yuditha, mke wa Gidioni Mtui. Imepita miaka kumi na mitatu tangu uondoke, na huenda sura yangu imekutoka. Ni yule aliyekuwa anawaletea chai mlipokuwa mnanasa michezo ya redio kule migombani, ukanikataza kuvaa kandambili kwa sababu mashine yako ilikuwa inazisikia hata kabla yako.

Nakuandikia kukuarifu kwamba Gidioni amefariki dunia. Ilikuwa Jumanne tarehe 2 Februari, asubuhi, ng'ombe wakiwa bado hawajakamuliwa. Kifua kilimsumbua tangu Krismasi. Alilazwa wiki mbili, halafu akasema anataka kulala mahali anaposikia maji ya mfereji, tukamrudisha nyumbani. Tumemzika kihambani, kwenye shamba la ukoo, karibu na mama yake.

Watu walikuwa wengi. Dafroza, yule wa kule Mkuu aliyekuwa anaigiza wanawake wote katika michezo yenu, alikuja na basi kutoka Rombo. Alipoanza kulia, alilia kilekile kilio cha redioni, wazee wakabaki wanatazamana, hawajui walie au wacheke. Eliona, kaka wa marehemu, akauliza, "Jamani, huyu anazimwa wapi?" Basi tukacheka kaburini, Mungu atusamehe. Gidioni angefurahi.

Nimetaka ujue kwamba nakushukuru. Kabla hujaja, Gidioni alikuwa mtu wa kupalilia kahawa na kunyamaza. Hata kwenye vikao vya ukoo alikaa karibu na mlango. Wewe ulimwambia ana sauti. Nakumbuka alirudi nyumbani siku hiyo akasimama mbele ya mbuzi na kuwahutubia. Miaka ile mitano mliyofanya kazi pamoja ilimtosha kuzungumza mpaka mwisho wa maisha yake, hata wajukuu walichoka.

Anwani hii nimeikuta katika karatasi zake.

Msalimie mama, na Odili, ambaye sasa lazima ni mtu mzima.

Wako katika Bwana,
Yuditha Mtui (Mama Anaeli)


Tulle, Ufaransa
20 Aprili 1982

Mpendwa Mama Anaeli,

Shikamoo. Ni mimi, Odili, mtoto wa Bwana Kimya. Kiswahili changu kimechakaa, nakiandika huku kamusi iko pembeni, lakini sijasahau nani alinifundisha kumenya ndizi bila kuchafua gauni kwa utomvu.

Pole sana. Nimelia kwa ajili ya Gidioni, na sasa lazima nikulize na wewe. Baba naye hayupo. Alifariki tarehe 11 Novemba mwaka jana. Barua yako aliipokea mama. Alipoona stempu ya Tanzania alikaa kwenye ngazi palepale, na mtu wa posta akadhani anaumwa.

Hapa mjini wanataka kutoa kijitabu juu ya maisha yake, na mimi ndiye ninayeandika. Ulijua kwamba baba yake alikuwa mwoka mikate? Vita vilipokwisha, baba alinunua lori bovu la jeshi, akalitoa ubavu mmoja ukawa jukwaa, akaanza kuzunguka vijiji vya milima yetu na waigizaji sita na mbwa. Waliigiza kwa lugha ya wakulima wa huku, lugha ambayo sisi watoto tulichapwa shuleni tukiitamka. Watu wa Paris walicheka. Wakulima walileta viti vyao wenyewe. Halafu akaipeleka lugha hiyohiyo redioni, kila Alhamisi, na bibi yangu alikuwa anavaa nguo za kanisani kuisikiliza. Ndiyo sababu walimwomba aje kwenu mwaka 1963, kuwafundisha watu kutengeneza michezo ya redio kwa ajili ya wakulima. Alikuja kwa mwaka mmoja, akakaa sita. Tuliporudi, mji ulimpa jengo bovu la kutengenezea ngozi. Leo ni ukumbi wa michezo wenye viti tisini, na mvua ikinyesha bado unanuka ng'ombe.

Sasa nikuulize jambo ambalo limetukaa moyoni. Mwaka 1971 baba alimwandikia Gidioni kuhusu mchezo ule wa "Mpaka". Ndani aliweka jani la isale, kama alivyoona wazee wa kwenu wakifanya: aliyekosa hupeleka jani kwa aliyekosewa, na aliyekosewa hawezi kukataa kusamehe. Hakupata jibu. Miaka kumi, kila siku saa nne mtu wa posta akipita, baba alikuwa mlangoni akijifanya anafagia. Siku mbili kabla ya kufa aliniuliza, "Moshi je?" Nikamwambia bado.

Na wewe unasema anwani uliikuta katika karatasi za Gidioni. Basi barua ilifika! Mama amelia kwa furaha. Ana miaka sabini na minne, moyo wake ni mgonjwa, na anataka kujua jambo moja tu kabla hajamfuata baba. Gidioni alisema nini alipolishika lile jani? Alimsamehe?

Nakubusu mikono yako,
Odile


Mamba, Marangu
6 Juni 1982

Odili mwanangu,

Marahaba. Barua yako ilitangazwa kanisani pamoja na majina ya wenye barua, na niliposikia "Ufaransa" nilisimama haraka mpaka kitabu cha nyimbo kikaanguka.

Poleni, poleni sana. Nilimwandikia mtu ambaye alikuwa amelala miezi minne. Nimewaza kwamba yeye na Gidioni labda wameshakutana huko, na baba yako ameshamwambia asogee karibu na kipaza sauti.

Kwa ajili ya kitabu chako, andika haya. Baba yako alipofika hapa hakuwa na chumba cha kunasia sauti. Akatafuta mpaka akaona kwamba kati ya migomba mikubwa sauti hairudi. Akatundika kipaza sauti kwenye mkungu, akawaketisha watu chini. Hakuwapa karatasi. Alisema, "Niambieni jambo lililotokea kweli," wakisimulia anawaambia, "Haya, usisimulie. Lifanye." Kabla ya kuanza alinyoosha mkono juu na kusema "Kimya!" kwa lafudhi yake, na kila mara jogoo wa Eliona alikuwa anajibu. Ndiyo asili ya lile jina. Watoto walikuwa wakimwona njiani kwa baiskeli yake wanaziba midomo kwa mikono.

Ya "Mpaka" nikueleze, kwa sababu watoto hamkuambiwa. Baba mkwe wangu aliacha kihamba chake kwa Eliona, mtoto wa kwanza, na Gidioni, kitindamimba, na katikati akapanda mstari wa isale kuwa mpaka, maana kwetu jani lile la msamaha ndilo hilohilo la mpaka. Mwaka mmoja Eliona aling'oa isale zile akazipanda tena hatua tatu upande wetu. Mibuni minne ikahamia kwake. Gidioni akanyamaza. Alikuja kumwambia baba yako siku moja wakisubiri mvua ikatike, baba yako akasema, "Huu ni mchezo." Gidioni akakubali, kwa sharti kwamba majina yabadilishwe na kitu chochote cha kumtambulisha mtu kikatwe. Kisha Gidioni akaigiza yule kaka mkubwa yeye mwenyewe. Eliona ana tabia ya kukohoa mara mbili kabla ya kusema. Gidioni akakohoa mara mbili.

Mchezo ulitangazwa Alhamisi moja ya Agosti 1968. Majina yalikuwa ya watu wa mbali, ila kikohozi kilikuwemo. Kufika Ijumaa asubuhi Mamba nzima ilijua mpaka ni wa nani. Eliona akaacha kusema na Gidioni. Gidioni akaacha kusema na baba yako. Baba yako alikuja mlangoni kwetu mara tatu, na mara tatu nilimwambia mume wangu hayupo, naye yuko chumbani amekaa kitandani na kofia kichwani. Mwezi wa Machi mkaondoka bila kuagana.

Lakini hayo yalikwisha zamani. Kuhusu jani, Gidioni hakuwa mtu wa maneno mengi katika mambo kama hayo. Mwambie mama asiwe na wasiwasi.

Ng'ombe analia, niende kumkatia majani. Ahsante kwa kunikumbuka.

Yuditha


Tulle
11 Julai 1982

Mama Anaeli,

Shikamoo. Nimemsomea mama barua yako mara mbili. Amecheka kwa ajili ya jogoo. Kisha akasema, "Odile, 'asiwe na wasiwasi' si jibu. Hivyo ndivyo daktari anavyosema nami."

Nisamehe nikikusumbua. Labda hujui jani lile lilivyopatikana, ndiyo sababu nataka nikueleze.

Isale haioti Ufaransa. Baba aliitafuta mwaka mzima. Alikwenda bustani za serikali, akaambiwa hapana. Halafu siku moja jino lilimuuma, akaenda kwa daktari wa meno, na katika chumba cha kungojea, ndani ya chungu, kwenye kona karibu na magazeti ya zamani, ilikuwepo isale. Watu wa huku wanaifuga ndani kama pambo, hawajui kitu. Baba alisimama akaisalimia. Mama aliona aibu sana. Baba alipofika kwa daktari, kinywa kikiwa wazi, akaomba jani moja. Daktari akasema, "Chukua, bwana, usiombe." Baba akakataa. Akasema jani la kuombea msamaha haliwezi kuchukuliwa hivihivi, lazima mwenye mti ajue linakwenda wapi na kwa kosa gani. Akamweleza kisa chote, kuanzia kihamba, wagonjwa wengine wanangoja. Daktari yule alikuja kwenye mazishi. Alilia kuliko wote.

Alilikunja kama mlivyomfundisha, akaandika barua usiku mmoja peke yake, hatukuonyeshwa. Hatujui aliandika nini. Kama bado ipo, naomba uninakilie, hata mistari michache. Na uniambie kweli. Kama Gidioni alilikataa, tuambie alilikataa. Mama ana nguvu ya kusikia hilo. Asichoweza ni kukaa dirishani kama baba alivyokaa mlangoni.

Odile


Mamba, Marangu
31 Oktoba 1982

Odili,

Nimechelewa miezi mitatu na siwezi kusingizia posta. Karatasi nilikuwa nazo. Binti yangu Anaeli, yule anayekaa Pasua, mjini Moshi, aliniletea daftari zima siku zilezile sabuni ilipokuwa haipatikani, akaniambia, "Mama, andika, hili halioshi nguo." Nililiangalia tu.

Gidioni hakulikataa jani. Gidioni hakuliona.

Barua ilikuja Jumapili moja ya mwaka 1971. Yeye alikuwa na homa, nikaenda ibadani peke yangu, jina lake likasomwa, nikapokea. Nilipapasa bahasha njiani nikahisi kitu kimekunjwa, nikajua ni nini hata kabla ya kufungua. Nikafungua.

Nataka ujue nilivyokuwa wakati ule, si kwa kujitetea. Wanaume waligombana kwa kunyamaza, lakini mimi nilikuwa nachota maji mfereji mmoja na wanawake wote wa Mamba. Walikuwa wananingoja. Mmoja anakohoa mara mbili, mwingine anauliza, "Yuditha, leo mmesogezwa hatua ngapi?" Halafu wanacheka na ndoo zao. Miaka mitatu. Watoto wangu walikatazwa kuvuka kwenda kwa baba yao mkubwa, na bibi yao alikuwa kule. Nilimchukia baba yako. Nilijua mila: Gidioni akilishika jani lile, lazima asamehe. Sikutaka asamehe. Nikafunga barua na jani ndani ya kitambaa, nikaviweka chini ya debe la mahindi, na nikasema nitampa nikiwa tayari.

Mwaka 1974 mama mkwe alifariki. Siku ya nne baada ya mazishi Eliona aliamka, akang'oa isale mwenyewe, mbele ya watu, akazirudisha hatua tatu mahali alipozipanda baba yao. Gidioni akachukua jembe akaenda kumsaidia kushindilia udongo. Jioni hiyo aliniambia, "Mama Anaeli, laiti ningekuwa na anwani ya Bwana Kimya. Ningemwandikia mchezo wake umefika mwisho."

Anwani ilikuwa chini ya debe, hatua mbili kutoka alipokaa. Na mimi sikusema. Mwanzo nilificha kwa hasira, na sasa nilificha kwa woga, kwa sababu kosa lilikuwa limeshahama kutoka kwa baba yako, likawa langu. Kwetu, mtu anayezuia jani la msamaha njiani ni mbaya kuliko aliyekosa. Gidioni alikwenda mpaka Moshi, kwenye kile kituo cha redio alichofanyia kazi baba yako, kuuliza anwani. Wakamwambia majalada ya wageni hayapo tena. Akarudi kwa miguu kutoka Himo kwa sababu basi lilikosa mafuta. Nikamwoshea miguu.

Kwa hiyo jibu la mama yako ni hili, na ni kweli mbele za Mungu: alimsamehe, miaka minane kabla ya kufa, bila jani. Kila Alhamisi kama tulikuwa na betri alifungua redio, na mchezo ukiwa mbaya alisema, "Huyu hakufundishwa na wetu."

Niliposema anwani niliikuta katika karatasi zake nilidanganya.

Nakunakilia maneno ya baba yako. "Ndugu yangu Gidioni. Niliahidi kukata kikohozi. Usiku ule nilikuwa na utepe wa sauti mezani na wembe mkononi, na nilijua ni sentimita ngapi za kukata. Nikakiacha kwa sababu kilikuwa kizuri. Katika maisha yangu yote ya redio sijawahi kunasa sauti ya kweli kama ile. Nilikipenda kikohozi kuliko nilivyokupenda wewe, kwa usiku mmoja. Nimekuja na jani. Kama huwezi kulishika, liache mlangoni, lakini uniambie umeliona."

Sitakuomba kitu. Barua hii nitaipeleka posta mwenyewe.

Yuditha


Mamba, Marangu
16 Januari 1983

Odili mwanangu,

Sidai jibu. Naandika kwa sababu mwaka mpya umeingia na nimezoea kukuwaza. Kahawa imechanua mapema. Kitabu chako, kama unakiandika bado, kumbuka kuweka kwamba baba yako alikunywa mbege yetu ya ndizi ya kwanza akatema, na ya pili akaomba kata kubwa zaidi.

Heri ya mwaka mpya kwa mama.

Yuditha


Tulle
20 Februari 1983

Mama Anaeli,

Shikamoo. Nilikuwa na hasira. Niliiandika barua moja mwezi Novemba kwa Kiswahili kizuri kuliko hiki, maana hasira ina kamusi yake, nikaichana. Nilimwona baba na ufagio wake mlangoni kila nilipofumba macho. Wiki tatu sikumwambia mama kitu.

Halafu nikamsomea yote. Alisikiliza bila kunikatiza, na kwenye wembe aliweka mkono juu ya meza akasema, "Ndiye huyo. Ndiye mume wangu." Amelirudia neno lile la kikohozi siku nzima. Miaka yote hiyo hatukujua kosa lilikuwa nini hasa. Tulidhani alisahau kukata. Mama anasema sasa amerudishiwa mume wake mzima, pamoja na ubaya wake, na kwamba ni wewe uliyemrudishia, kwa sababu barua hukuichoma. Anasema mtu aliyetaka kuificha kweli angeiwashia moto wa chai siku ileile.

Mimi bado nina donge dogo, nakuambia ukweli kwa sababu nawe umeniambia. Lakini barua yako ya Januari ilipofika nilicheka kwa ajili ya ile kata, na baada ya kucheka nikaona kwamba donge halijanizuia. Nimekusamehe, Mama. Donge limebaki kwa mbali kama jino lililong'olewa.

Sasa mama anauliza, na ameniambia niandike maneno yake kama yalivyo. "Armand aliomba mtu alishike jani na aseme ameliona. Gidioni alisamehe, lakini hakulishika. Kwa mila za Yuditha, mtu akifa kabla ya kupokea, nani anapokea?"

Uzima wake si mzuri tangu Krismasi. Kama unaweza, usikawie.

Odile


Mamba, Marangu
10 Aprili 1983

Odili mwanangu,

Marahaba, na ahsante. Barua yako niliisoma nikiwa nimesimama, nikakaa kitako, nikaisoma tena. Sijui namna ya kushukuru kwa neno ulilonipa, kwa hiyo nimefanya kazi mliyonituma, na sikukawia.

Anayepokea ni ndugu mkubwa wa marehemu. Maana yake ni Eliona.

Nilimwogopa. Ana miaka sabini na moja, macho hayaoni vizuri, mdomo unaona sana. Na yeye ndiye aliyeumizwa na kikohozi kuliko Gidioni. Lakini Jumatatu ya Pasaka nilivaa kitenge changu kizuri, nikachukua kile kitambaa na kibuyu cha mbege, nikavuka. Anaeli alinifuata.

Nilimweleza yote, kuanzia debe la mahindi. Nilipomaliza akakohoa mara mbili.

"Shemeji," akasema, "miaka kumi na miwili umelikalia jani la mtu kama kuku anayeatamia mayai viza?"

"Nimelikalia, shemeji."

"Na mimi hapa nilikuwa nakusifu kwenye ukoo. 'Mwangalieni Yuditha, hana siri.' Kumbe chini ya mahindi kuna Ulaya nzima!" Anaeli akacheka, akajiziba. Eliona akamgeukia, "Cheka tu wewe. Siku ukiolewa tena chunguza madebe ya huko."

Kisha akanyoosha mikono. Nilifungua kitambaa. Jani limekuwa la kahawia, limepasuka kwenye mkunjo. Nikasema, "Limekauka, shemeji. Sijui kama linafaa."

"Kukauka si kosa la aliyelituma," akasema. "Nipe."

Akalipokea kwa mikono miwili, akalipapasa taratibu kutoka ncha hadi ncha kama mtu anayesoma. Nikamsomea na barua. Nilipofika kwenye wembe nilitaka kuruka mistari, akaniambia, "Soma, mimi si mtoto." Nikasoma. Akasema, "Mzungu huyu anaomba msamaha kwa kuacha kikohozi. Kikohozi ni changu, na ardhi niliiba mimi. Angekikata, nani angejua ni Eliona? Ningekuwa na zile hatua tatu mpaka leo, na ningezikwa nazo. Mama yangu aliniona nikizirudisha? Hapana, alikuwa ameshazikwa. Lakini nilizirudisha nikiwa hai, na mdogo wangu akaja na jembe. Hiyo nilipewa na redio."

Akasimama, Anaeli akamshika mkono, akasema kwa sauti ya kikao, ingawa tulikuwa watatu tu na mbuzi: "Mimi Eliona, mwana wa Mtui, nimeliona jani la Armand. Nimelishika. Nimelipokea kwa niaba ya Gidioni, na kwa niaba yangu. Hakuna deni kati ya nyumba hii na nyumba yake." Tukanywa mbege. Akaniambia nijaze kata moja ya baba yako, tukaimwaga chini kwenye isale za mpaka, akasema, "Ya pili akiomba kubwa zaidi, aje mwenyewe."

Mwambie mama maneno hayo kama yalivyo. Kama amelala, mwamshe. Jani halitarudi kwangu. Eliona ameliweka ndani ya Biblia yake, na nimemwomba asinionyeshe lipo ukurasa gani.

Mimi nilitoka pale nikaenda mpaka kaburini kwa Gidioni, nikakaa kwenye majani nikamweleza na yeye, kwa sababu miaka minane nilimwoshea miguu badala ya kumwambia. Kisha nilirudi nyumbani nikala vizuri, na nikalala mpaka ng'ombe akaniamsha, jambo ambalo sijalifanya tangu azikwe.

Odili, nilikuwa naamini kwamba baba yako alikuja hapa kutuchukulia kitu. Sasa nikihesabu, nilipewa mume anayezungumza, shemeji mwenye haya, na binti Ufaransa. Namshukuru Mungu kwa ajili yake, na kwa ajili ya mama yako aliyekubali kukaa miaka sita badala ya mmoja.

Mvua zimeanza na maharage hayajapandwa. Sitakuchosha. Najua ninyi mnasali kwa namna yenu, lakini jioni mkiwataja watu wenu, naomba muongeze jina la Gidioni. Na nafasi ikibaki, langu pia.

Yuditha